Nimeshinda kesi ya gari bovu, sasa Mahakama Kuu imezuia nisilipwe

SWALI

Habari za kazi, Mshauri. Nilinunua gari la familia lililotumika kwenye yadi moja hapa Mwanza kwa shilingi 31,500,000. Muuzaji alinihakikishia kwamba injini ni ileile iliyokuja na gari, na kwamba kilometa zinazosomeka kwenye dashibodi ni za kweli. Haukupita muda gia boksi ikaanza kugoma. Fundi alipolikagua akakuta injini imebadilishwa, namba yake hailingani na iliyoandikwa kwenye kadi. Yadi ikakataa kulipokea gari, nikafungua kesi Mahakama ya Wilaya, na nimeshinda. Hukumu inasema nirudishiwe fedha yangu yote, nilipwe fidia ya shilingi 4,000,000 na gharama za kesi, nami nirudishe gari.

Nikaomba kukazia hukumu, yaani itekelezwe. Dalali wa mahakama akakamata magari mawili pale yadi. Kabla hayajapigwa mnada nikaletewa amri ya Mahakama Kuu kwamba utekelezaji usimame "hadi maombi yatakaposikilizwa pande zote mbili". Naambiwa wamekata rufaa. Papo hapo amejitokeza mtu mwingine anayesema gari moja kati ya yale mawili ni lake, aliliacha yadi liuzwe kwa kamisheni. Na kijana anayejitambulisha kuwa anatoka ofisi ya dalali amenipigia simu akisema nikitoa kitu kidogo zuio "litalegezwa".

Gari bovu limepaki uani kwangu. Fedha ya kulinunua ilikuwa mkopo wa SACCOS na marejesho yanaendelea kila mwezi. Naomba kujua: je, nimeshindwa? Zuio hili linakaa hadi lini? Wakili wao anasema wataweka dhamana. Nikubali dhamana ya namna gani? Na hili gari nilifanyeje?

Mama Kulwa, Igoma

JIBU

Mama Kulwa, pole, na hongera pia. Hujashindwa. Hukumu yako iko palepale kama ilivyosomwa. Zuio la utekelezaji halifuti hukumu wala haliipunguzi hata shilingi; linazuia mkono wa dalali kwa muda, mpaka mahakama ya juu iangalie kama hukumu ilikuwa sahihi. Kukata rufaa kwenyewe hakuzuii ukazaji. Sheria ya Mwenendo wa Madai, Amri ya XXXIX kanuni ya 5, inasema hivyo wazi: anayetaka utekelezaji usimame lazima aombe, na lazima atimize masharti.

Anza kwa kuisoma amri uliyoletewa neno kwa neno. Maneno "hadi maombi yatakaposikilizwa pande zote mbili" yana uzito wake. Maana yake ni kwamba jaji amesikia upande mmoja tu, akatoa zuio la muda ili mali isije ikauzwa kabla hajakusikiliza na wewe. Hilo si zuio la mpaka rufaa iishe. Zuio la mpaka rufaa iishe ndilo watakaloomba siku ya kusikilizwa, na siku hiyo ndiyo ya kwako. Angalia tarehe iliyoandikwa, namba ya maombi, na kama kuna namba ya rufaa. Amri ikiwa imeandikwa kwa Kiingereza, usione haya kuomba karani akufafanulie. Tangu mabadiliko ya sheria ya mwaka 2021 Kiswahili ndiyo lugha ya mahakama zetu, na majibu yako yote unaweza kuyaandika kwa Kiswahili.

Hatua ya pili ni kwenda masijala ya Mahakama Kuu, Mwanza, kuuliza kama rufaa yenyewe imefunguliwa kweli. "Naambiwa wamekata rufaa" haitoshi. Kutoka Mahakama ya Wilaya kwenda Mahakama Kuu mrufani ana siku 90, na siku alizokuwa anasubiri kupewa nakala ya hukumu na tuzo (hati ya mahakama inayotaja unachotakiwa kulipwa) hazihesabiwi. Mtu anaweza kuomba zuio kabla hajafungua rufaa, ilimradi muda wa rufaa haujaisha, na hapo anaomba kwenye mahakama ileile iliyotoa hukumu. Lakini siku zikipita na rufaa haipo masijala, zuio linakuwa limesimama hewani, na hilo ni la kumweleza jaji siku ya kwanza mtakapokutana.

Kuna jambo linalowachanganya wengi hapa: jalada la Mahakama ya Wilaya linapoitwa Mahakama Kuu kwa ajili ya rufaa, makarani huwaambia watu kwamba ukazaji "umesimama kwa sababu faili halipo". Kuitwa kwa jalada si zuio. Zuio ni amri iliyosainiwa na yenye mhuri. Ikiwa hakuna amri, andika barua kwa hakimu mfawidhi, yaani msimamizi wa mahakama hiyo, ukiomba utekelezaji uendelee, na ubaki na nakala iliyogongwa mhuri wa kupokelewa.

Sasa masharti. Kabla ya kutoa zuio la mpaka rufaa iishe, mahakama inapaswa kuridhika na mambo matatu kwa pamoja: kwamba mwombaji atapata hasara kubwa utekelezaji ukiendelea, kwamba ameomba bila kuchelewa pasipo sababu, na kwamba ameweka dhamana ya kutekeleza tuzo endapo atashindwa. Yote matatu. Likikosekana moja, zuio halipaswi kutolewa.

Walioshinda kesi mara nyingi hukosea palepale pa kuanzia. Wanakwenda siku ya kusikilizwa wakiwa na hasira ya haki, wanaanza kueleza upya namba ya injini, gia boksi na uongo wa muuzaji. Jaji hasikilizi hayo siku hiyo. Hayo ni ya rufaa. Ushauri wangu ni huu, na ninausimamia: usitumie nguvu zako zote kupinga zuio, tumia nyingi kuidai dhamana. Zuio lenye dhamana nzuri linaweza kuwa salama kwako kuliko mnada wa magari mawili yenye mgogoro. Zuio lisilo na dhamana ni sawa na kuikopesha yadi ile shilingi milioni thelathini na tano kwa muda usiojulikana, na unaweza kushinda rufaa ukakuta geti limefungwa na magari yote yamehama.

Utaulizwa dhamana ya kiasi gani. Nenda na hesabu iliyokamilika. Tuzo yako ni 31,500,000 jumlisha 4,000,000, yaani 35,500,000. Deni la hukumu lina riba ya asilimia 7 kwa mwaka kuanzia siku ya hukumu hadi litakapolipwa. Hiyo ni Amri ya XX kanuni ya 21. Kwa tuzo yako ni shilingi 2,485,000 kwa mwaka, takribani 207,000 kwa mwezi, na riba hiyo haisimami kwa sababu utekelezaji umesimama. Ukikadiria rufaa kuchukua miaka miwili, riba inafika 4,970,000, jumla 40,470,000, kabla ya gharama za kesi. Jaji anaweza kuamuru kiasi kidogo kuliko hicho, mara nyingi hutazama kiwango cha tuzo yenyewe. Lakini usipokuwa na namba mkononi, atapewa namba na wakili wa yadi.

Kuhusu gharama za kesi, kuna mtego. Watu husikia "utekelezaji umesimama" wakakunja mikono kwa kila kitu. Ankara ya gharama, yaani orodha ya ulichotumia kwenye kesi, inatakiwa iwasilishwe ndani ya siku 60 tangu siku amri ya gharama ilipotolewa, na kupitisha ankara si kuikazia. Isome amri yako ya zuio. Kama haikutaja ankara, wasilisha ukiwa na stakabadhi zako zote: ada za mahakama, malipo ya wakili, malipo ya fundi aliyetoa ushahidi. Kama siku 60 zimeshapita, omba kwanza kuongezewa muda na ueleze sababu, kwa maana ankara iliyochelewa bila ruhusa hutupwa.

Turudi kwenye dhamana, maana ndiyo uliyouliza na ndiyo yenye mitego mingi.

Fedha taslimu iliyowekwa mahakamani ndiyo bora. Hulipwa kwa namba ya malipo ya serikali, risiti inaingia kwenye jalada, na siku rufaa ikitupwa unaomba ulipwe kutoka humo bila dalali wala mnada. Upungufu wake ni kwamba ikikaa kwenye akaunti ya mahakama haizai. Pande mbili zikikubaliana, mnaweza kuomba iwekwe kwenye akaunti ya pamoja ya mawakili wenu, inayozaa riba na isiyotolewa bila saini zote mbili.

Dhamana ya benki inafuata, nayo inafaa sana kama imeandikwa vizuri. Usikubali kuambiwa tu "benki imetoa barua". Omba nakala uisome. Angalia benki ni ipi, kiasi ni kipi, na italipa kwa sharti gani. Inatakiwa ilipe kwa amri ya mahakama peke yake, si kwa idhini ya mteja wao, yaani yadi. Halafu tazama tarehe ya mwisho, kwa kuwa hapo ndipo watu huachwa mikono mitupu: dhamana nyingi za benki hutolewa kwa mwaka mmoja, na mwaka ukiisha kabla ya rufaa, karatasi uliyonayo haina thamani. Omba amri iseme kwamba dhamana itadumu hadi rufaa itakapoamuliwa, au itahuishwa siku 30 kabla ya kuisha, na isipohuishwa zuio linakoma lenyewe.

Hati ya kiwanja au nyumba inakubalika mahakamani, lakini inahitaji kazi. Fanya upekuzi kwa Msajili wa Hati ujue jina la mmiliki na kama tayari imewekwa rehani benki. Dai ripoti ya mthamini aliyesajiliwa, ya karibuni, na si makisio ya mwenye mali. Ikiwa ni nyumba ya familia, kuna matatizo mawili: inahitaji ridhaa ya mwenza iliyoandikwa, na nyumba anayoishi mdaiwa na familia yake inalindwa na sheria isikamatwe kwa ajili ya deni la hukumu. Dhamana usiyoweza kuikamata ni mapambo. Barua ya toleo (ya kugawiwa kiwanja kabla ya hati), fomu ya mauziano iliyogongwa mhuri wa serikali ya mtaa, au shamba la kijijini lenye barua ya mwenyekiti, vyote hivyo vikatae kwa adabu. Si kwamba havina maana katika maisha ya watu. Ni kwamba kuvigeuza fedha kunaweza kukuchukua muda kuliko kesi yenyewe.

Huku kwetu ziwani utakutana pia na watu wanaotaka kuweka boti, injini za kupachika au vizimba vya sato kuwa dhamana. Boti inaweza kuamkia kisiwa cha Ukara au upande wa Kagera, na thamani ya kizimba ni samaki waliomo, nao wanakufa, wanaibwa, wanavunwa. Hali kadhalika magari ya yadi: yapo ili yauzwe, na leo ukihesabu kumi, mwezi ujao yatabaki manne. Ukilazimika kukubali gari, liwe na kadi kwa jina la mdaiwa, lishikiliwe na dalali au mahakama, na kadi halisi iwe ndani ya jalada.

Huenda wakili wao hataweka chochote siku hiyo, ataahidi tu. Mahakama ya Rufani imeshaeleza kwamba ahadi thabiti ya kuweka dhamana inaweza kutosha, mradi mahakama iweke muda maalumu wa kuitimiza. Kwa hiyo usibishane kwamba ahadi haifai kabisa. Omba muda huo utajwe, tuseme siku 30, na omba amri iseme wazi kwamba muda ukipita bila dhamana kuwekwa, zuio linakufa bila maombi mengine. Sentensi hiyo moja ndani ya amri itakuokoa kufungua maombi mapya. Siku ya 31 nenda masijala ukaangalie jalada: kama hakuna risiti wala dhamana, waandikie barua Mahakama ya Wilaya uendelee na ukazaji.

Ongezea jambo moja kama mdaiwa wako ni kampuni. Tuzo dhidi ya kampuni hailipwi na mkurugenzi kutoka mfukoni mwake. Fanya upekuzi BRELA, wakala wa usajili wa biashara, ujue kama uliyemshtaki ni kampuni au ni jina la biashara tu. Ikiwa ni jina la biashara, mwenye jina anawajibika mwenyewe na mali zake. Ikiwa ni kampuni, omba mkurugenzi atoe udhamini wake binafsi kwa kiapo juu ya dhamana nyingine. Wengi hukataa. Kukataa kwake kunamweleza jaji mengi kuhusu imani yake kwa kampuni yake mwenyewe.

Sasa kiapo kinzani. Maombi yao yameungwa mkono na hati ya kiapo, nawe unajibu kwa kiapo kinzani ndani ya muda uliopangwa na mahakama. Usipojibu, maelezo yao yanachukuliwa hayajapingwa, unabaki kusema hoja za sheria tu. Jibu aya kwa aya. Walipodai watapata hasara kubwa, tazama kama wameambatisha chochote: taarifa ya benki, hesabu za biashara, orodha ya wafanyakazi. Kama hakuna, andika kwamba hakuna. Walipodai wewe ni mtu wa kipato kidogo ambaye akilipwa hataweza kurudisha fedha rufaa ikifanikiwa (na hoja hiyo huja karibu kila mara) weka ushahidi wa uwezo wako: hati ya mshahara au leseni ya biashara, namba ya mlipakodi, hati ya kiwanja, taarifa ya akaunti. Kuhusu kuchelewa, andika tarehe tatu zikifuatana: siku ya hukumu, siku walipopata taarifa ya ukazaji, siku walipofungua maombi. Kuhusu dhamana, sentensi fupi inatosha: "Kwamba, mwombaji hajaweka dhamana yoyote wala hajaahidi kuiweka."

Kiapo ni cha mambo unayoyajua, basi. Ukiweka ndani yake ombi ("naomba Mahakama iamuru..."), hoja ya sheria au maoni yako, aya hizo zinaweza kufutwa, na kiapo kilichofutwa aya zake muhimu ni kama hakipo. Maombi na hoja utazisema kwa mdomo au kwenye hoja za maandishi. Mwishoni lazima kuwe na kipengele cha uthibitisho kinachoeleza aya zipi unazijua mwenyewe na zipi umeambiwa na nani, kisha saini yako mbele ya Kamishna wa Viapo, na mahali na tarehe ya kuapa. Makosa hayo madogo ndiyo yanayoangusha viapo vingi, na yanauma kwa kuwa hayahusiani na haki ya mtu. Vilevile kagua kiapo chao kwa jicho hilohilo.

Magari mawili yaliyokamatwa. Zuio linazuia yasiuzwe. Halimaanishi yanarudi yadi siku hiyohiyo, isipokuwa amri iseme hivyo. Omba kwa dalali orodha ya mali zilizokamatwa yenye namba za usajili na za chesisi, hali ya kila gari na mahali linapohifadhiwa, kwani gharama za kuhifadhi zinaongezeka kila siku na zisipoangaliwa zinakula thamani. Kwa lile lenye mdai wa tatu, sheria inampa mtu huyo haki ya kuleta pingamizi, na mahakama itachunguza kama siku ya kukamatwa lilikuwa mali yake. Mwombe akuonyeshe kadi na mkataba aliosaini na yadi. Kama kadi ina jina lake na mkataba wa kamisheni ni wa kabla ya kesi yako, kubali mbele ya mahakama liachiwe. Kung'ang'ania gari la mtu asiyehusika kunaweza kukuletea kesi ya fidia, safari hii wewe ukiwa mdaiwa. Lile jingine litumie kwenye mazungumzo: liachiwe siku yadi itakapoweka fedha taslimu, si kabla.

Huku ukisubiri, kusanya taarifa. Kama ulilipia gari kwa kuweka fedha benki, hati ya malipo ina jina la benki, tawi na namba ya akaunti ya yadi. Ihifadhi, kwani zuio likianguka unaweza kuomba akaunti hiyo ishikiliwe, na fedha benki haina mnada wala mdai wa tatu anayejitokeza usiku.

Kijana wa simu usimpe hata senti. Dalali wa mahakama hana mamlaka ya kulegeza, kukaza wala kuondoa amri ya jaji. Ni mtekelezaji tu. Madalali wa mahakama wana kanuni zao za mwaka 2017 zenye utaratibu wa nidhamu. Andika namba iliyokupigia na muda, hifadhi ujumbe, mweleze Naibu Msajili wa Mahakama Kuu kwa maandishi, na TAKUKURU wanapatikana bure kwa namba 113. Ukitoa hela utakuwa umeipoteza, na pia utakuwa umeupa upande wa pili hoja ya kuchafua kesi safi.

Zuio linakaa hadi lini? Likiwa la mpaka rufaa, linaishi na rufaa na linakufa nayo. Rufaa ikitupwa, ikifutwa kwa kasoro, au mrufani asipofika na rufaa ikaondolewa, ukazaji unaendelea. Kwa hiyo usikose tarehe hata moja, hata ile ya kutajwa tu. Mrufani anayefaidika na zuio hana haraka; haraka ni ya kwako. Rufaa ikikaa bila kupangiwa tarehe, mwandikie Naibu Msajili. Kukata rufaa dhidi ya amri ya zuio yenyewe sikushauri: amri za kati zisizomaliza shauri kwa kawaida hazikatiwi rufaa, utapoteza ada na miezi. Kinachowezekana ni kurudi mahakama ileile kuomba zuio libadilishwe au liondolewe kwa kuwa sharti limevunjwa.

Ukifika hatua wakataka kulipa kidogokidogo, fahamu kwamba baada ya hukumu mahakama inaweza kuamuru malipo ya awamu kwa ridhaa yako. Ridhaa hiyo ina bei. Kwa kesi kama yako, ningedai angalau theluthi ya tuzo siku ya kusaini, awamu zisizozidi sita, rufaa iondolewe, na sharti kwamba awamu moja ikikosekana salio lote linadaiwa mara moja. Makubaliano yaandikwe na yasajiliwe mahakamani. Malipo ya pembeni yasiyotaarifiwa mahakamani hayatambuliki wakati wa kukazia, na yamevuruga watu wa pande zote mbili.

Gari la uani ni sehemu ya tuzo: wewe unalirudisha, wao wanarudisha fedha. Liharibike zaidi mikononi mwako, watadai malipo yako yapunguzwe. Lipige picha za nje, ndani, injini na dashibodi ikionyesha kilometa, zenye tarehe. Toa betri, lifunike, watoto wasilichezee, usiliendeshe, usiliazime, na usiuze hata tairi. Kadi na funguo weka pamoja. Kama nafasi ni shida, mwandikie wakili wao kwamba uko tayari kulikabidhi mahakama itakapoelekeza; barua hiyo inaonyesha wewe hujakwama upande wako.

Tume ya Ushindani, FCC, wana ofisi hapa Mwanza na wanashughulikia wauzaji wanaodanganya walaji. Kulalamika huko kunaweza kuwasaidia wanunuzi watakaokuja. Hakuondoi zuio na hakukusanyi tuzo yako, kwa hiyo kusikufanye ukose tarehe ya Mahakama Kuu.

SACCOS hawafungwi na zuio la kesi yako. Marejesho yanadaiwa kama mkataba ulivyo. Nenda kabla hujachelewesha hata mwezi mmoja, ukiwa na nakala ya hukumu na ya amri ya zuio, uombe kwa barua mkopo upangwe upya: muda urefushwe, rejesho lishuke. Wakikubali, pata jibu kwa maandishi. Na kama huna uwezo wa wakili kwa ajili ya kiapo kinzani, Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 inawatambua watoa msaada waliosajiliwa. Uliza ofisi ya maendeleo ya jamii kwenye halmashauri yako wakuelekeze aliye karibu. Beba hukumu, tuzo, amri ya zuio, maombi yao na kiapo chao, hesabu ya riba, na ile hati ya malipo ya benki. Nenda wiki hii, usisubiri siku moja kabla ya tarehe.